Kalenda ya Watu wa Chini ya Ukungu

Chiwata,
9 Mei 1954

Kwa Babu yangu mpendwa,

Shikamoo Babu. Na Bibi naye nampa shikamoo yake, usisahau kumfikishia kama ulivyosahau ile ya Pasaka. Natumaini barua hii itawakuta wazima na goti la Bibi limepoa. Mimi huku sijambo, nafundisha, nakula, nalala. Mvua imetuaga vizuri na mihogo imesimama.

Babu, nina maneno mawili, moja dogo na jingine kubwa. Naanza na dogo ili upate kukaa sawa.

Wiki iliyopita watoto wangu wa darasa la pili walichoka na hesabu, nikawasimulia habari za Watu wa Chini ya Ukungu. Niliwaambia jinsi nilivyokuwa nikilia pale ukingoni Newala kila alfajiri, Mama na Bibi wakishuka bondeni kuteka maji na ukungu ukawameza na mitungi yao. Wewe ukanipakata ukaniambia hawajamezwa, wanapita tu katika nchi ya watu walio na maji mpaka yanawachosha, ila jua hawana. Ndiyo maana wao hupanda huku kwetu na vikapu, kuja kuteka jua. Sasa watoto hawanipi nafasi. Wanataka siku za watu hao na miezi yao. Siku tano nazikumbuka, miezi inanichanganya. Niandikie yote tafadhali.

Neno kubwa ni hili. Yupo kijana anaitwa Arthur, ni dresa hospitalini Masasi. Ametaka kunioa na mimi nimetaka. Mjomba Nikolao amekwisha kumwona, wakala ugali pamoja, akakubali. Lakini sikutaka usikie kwa Mjomba. Nimetaka usikie kwangu.

Mjukuu wako,
Theodora


Newala,
Siku ya Kulala, katikati ya mwezi wa Nguo
(wengine wanaita Juni, shauri yao)

Kwa mke wangu Theodora,

Marahaba. Sisi wazima kabisa. Goti la Bibi yako limepona. Nililikanda mimi kwa mikono yangu na mafuta ya nyonyo, likanyooka, na wanawake watatu wa hapa jirani wakaja kuniomba na wao niwakande, Bibi yako akasema nimestaafu. Mihogo ipo. Mikorosho yangu ukiiona utasema huyu mzee ana dawa. Sina dawa, nina akili.

Barua hii naandika mwenyewe. Mwalimu wa shule alitaka kunishikia kalamu, nikamwambia kaa hapo utazame. Mimi nilisoma kwa mapadri wakati nimeshaota ndevu, nikawashinda watoto wadogo wote darasani, na wengine sasa ni makarani. Ukiona herufi zangu ni kubwa, ni kwa kuwa sina sababu ya kuzificha.

Sasa sikiliza kalenda, na uwasomee watoto polepole.

Siku ya Kupanda, wanatoka bondeni na vikapu vitupu. Siku ya Kikapu, wanashuka na jua limejaa, wamelifunika kwa majani lisimwagike njiani. Siku ya Kuanika, wanaanika kila kilicholowa. Siku ya Kivuli, jua limebaki kidogo tu chini ya kikapu, watoto wanaligombania kama ukoko. Siku ya Kulala hakuna jua, watu wote wamelala, hata mbwa. Leo ni Siku ya Kulala na mimi naandika barua. Hiyo inakuonyesha.

Hizo siku tano ukizizungusha mara sita unapata mwezi. Mwezi wa kwanza ni Makopa, wanakausha mihogo. Wa pili Nguo. Wa tatu Paa, maana nyumba zao zimeota uyoga juu. Wa nne Mbegu. Wa tano Mifupa, wazee wanawekwa juani mmoja mmoja. Wa sita Ngoma, ngozi zinawambwa zilie vizuri. Wa saba Mlango, na huo ndio mwezi wa harusi. Jua lote la mwezi ule linawekwa mlangoni kwa bibi harusi, ili amwone huyo mwanamume usoni kabla hajachelewa. Miezi ni saba. Usiniulize kwa nini siyo kumi na miwili. Ulilala kwenye wa saba.

Hilo dogo limekwisha. Kubwa sasa.

Theodora, kwa kalenda ile wewe bado unang'oa meno. Mwaka wao una miezi saba tu, lakini unatembea polepole. Mimi mwenyewe kwa kalenda ile ni kijana wa kupeleka barua za mapenzi. Kwa hiyo nilipofika pale uliposema Arthur nilikunja barua nikaiweka, nikaenda kupalilia, nikarudi, nikaifunua, na bado alikuwamo.

Mjomba wako amekubali. Kwetu sisi mjomba akishakubali, kelele za babu ni mapambo. Sawa. Lakini mimi napenda mapambo. Hakuna mtu anayemchukua mke wa mtu mikononi mwake bila maneno. Siku ya harusi nitasimama mlangoni kwenu nimzuie huyo dresa, na asiponijibu vizuri arudi akafunge watu vidonda.

Nitakuja kwa sharti moja. Harusi iwe Siku ya Kikapu ya kwanza, mwezi wa Mlango. Siku hiyo nakuja Chiwata kwa miguu yangu au kwa lori. Siku nyingine siji. Nimeshasema, na wewe unanijua nikishasema.

Bibi yako anakusalimu. Anasema huyo Arthur ni mrefu au mfupi?

Mimi mume wako wa kwanza,
Babu


Chiwata,
20 Juni 1954

Kwa Babu mpendwa,

Shikamoo sana. Barua yako nimeipokea na afya nimeipokea, na mafuta ya nyonyo nimeyasikia mpaka huku. Sisi wazima.

Watoto wamezishika siku tano na Jumatano mmoja alikataa kufuta ubao, akaniambia, "Mwalimu, leo ni Kulala."

Babu, sharti lako nimelikubali. Nilikaa na kalamu nikahesabu kuanzia siku ya barua yako mpaka Kikapu ya kwanza ya mwezi wa Mlango, nikarudia tena kwa vidole, na unajua inaangukia wapi? Jumamosi, tarehe kumi na sita Oktoba. Jumamosi kabisa! Nilipiga makofi peke yangu. Padri naye anasema siku hiyo ni nzuri. Na kwa Arthur haiwezi kuwa nyingine, maana likizo yake ni wiki ile tu, ikiisha anahamia Tunduru na mimi naenda naye.

Nilimweleza Arthur habari za Watu wa Chini. Alisikiliza mpaka mwisho, halafu akauliza, "Na hao wazee wanaoumwa mifupa, hawana hospitali?" Nikamwambia akuulize wewe. Ni mrefu, mwambie Bibi. Akiingia kwetu anainama.

Unajua Baba hayupo, Mungu amlaze pema. Wajomba watakaa ndani na mambo yao. Lakini pale mlangoni nataka wewe, Babu. Nimetaka hivyo tangu kabla sijamjua Arthur.

Mjukuu wako,
Theodora


Newala,
Siku ya Kupanda, mwanzo wa mwezi wa Mbegu

Kwa mke wangu,

Marahaba, na ukisikia mtu anasema mimi ni mgonjwa mwambie ni mwongo. Nilikohoa siku mbili nikaacha. Bibi yako mzima, anadai urefu si kitu, yeye alinichukua mimi hivi hivi.

Nimekawia kujibu kwa sababu nimekuwa na kazi ya kujitayarisha. Kanzu yangu ya Noeli imefuliwa na kupigwa pasi. Koti nimelitoa, nondo walilionja kwapani lakini sitainua mkono. Nimechonga fimbo mpya ya mpingo, nimeifanyia kichwa cha mtu anayekataa, mdomo umebinuka hivi. Kila anayeiona anasema Basil, hii ni wewe. Hakuna mchongaji kutoka hapa mpaka Kitangari angeweza kuubinua mdomo ule bila kuupasua.

Fakihi mwenye duka ananichokoza kila siku nikienda kununua chumvi. Yeye anahesabu kwa mfungo mosi na mfungo pili, Padri anahesabu kwa watakatifu, bwana shauri wa serikali anahesabu kwa kodi, na wote wanafikiri mimi ndiye niliyepotea. Juzi aliniita mbele ya watu, kwa neno letu la kumheshimu mzee:

"Nang'olo, leo kwako mwezi gani?"

"Paa, unakwisha."

"Na Krismasi kwako inafika lini?"

"Ikitaka kufika itapanda na kikapu."

"Sasa mwenzetu, harusi ya mjukuu wako mimi nimesikia ni kabla ya korosho. Kwako ni lini?"

"Wewe korosho zako zinaiva lini ukizikodolea macho?"

Watu wakacheka, na yeye akacheka, akanipimia chumvi vizuri. Si mtu mbaya. Ameniambia atafunga duka siku ya harusi, nikamwambia atakuwa na wakati mwingi wa kufikiri, maana bado mbali sana. Mbegu ndiyo kwanza inaanza, baadaye Mifupa, baadaye Ngoma, ndipo Mlango. Na mimi nasema afadhali. Nakaa ukingoni kila alfajiri na kigoda changu natazama bonde. Serikali wanachimbachimba huku, wanasema maji yatapanda yenyewe kwa bomba na wanawake hawatashuka tena. Nimewaambia maji yakipanda yenyewe, na watu wa chini nao watataka jua lishuke lenyewe, mtaliweza hilo?

Basi, fundisha, kula, lala. Usiwe na haraka.

Mume wako wa kwanza,
Babu


Chiwata,
5 Septemba 1954

Kwa Babu,

Shikamoo Babu, shikamoo Bibi. Sisi wazima, ila mimi nahesabu usiku na mchana tangu nipate barua yako.

Umeandika juu yake mwanzo wa mwezi wa Mbegu. Babu, Mbegu umekwisha! Kwangu tuko Mifupa, tena tunaelekea mwisho. Nimerudia hesabu na wewe unajua hesabu si adui yangu. Umeruka mahali. Labda zile siku mbili za kukohoa hukuzihesabu? Hata hivyo haitoshi, umebaki nyuma mwezi mzima na zaidi.

Harusi siyo mbali sana. Ni tarehe kumi na sita Oktoba, mwezi ujao. Matangazo yanaanza kusomwa kanisani hivi karibuni. Mama mdogo Anastasia ameshaloweka mtama wa pombe ya kujaribia. Tafadhali rekebisha kalenda yako, na uniandikie haraka kwamba umerekebisha.

Mjukuu wako,
Theodora


Newala

Theodora,

Marahaba. Bibi yako mzima. Mimi mzima. Mikorosho imetoa maua.

Juu ya barua hii sikuandika siku, na usifikiri nimesahau. Sikuandika kwa sababu leo si siku.

Mimi sikuruka mahali. Wewe ndiye uliyejaza. Watu wa Chini wanahesabu siku pale ukungu unapopanda kutoka bondeni. Huo ndio mlango wao. Ukungu usipopanda hawajaamka, vikapu viko ukutani, hakuna aliyesema leo ni nini. Siku kama hiyo haihesabiwi. Mimi natazama kila alfajiri. Nikiuona ukungu, nasogeza siku. Nisipouona, sisogezi. Wewe huko Chiwata bonde letu hulioni, basi unahesabu kila kunapokucha, kama jogoo.

Utasema kanuni hii nimeitunga sasa hivi. Najua utasema, maana Bibi yako ameshasema. Si kweli. Ipo tangu mwanzo. Kumbuka mwenyewe. Asubuhi ambazo ukungu haukupanda, uliwaona mama yako na Bibi yako wakishuka mpaka chini kabisa, mitungi inang'aa. Hukulia. Hukuja kupakatwa. Ulikwenda kucheza na wenzako. Hadithi siku hizo haikuwapo, sasa kanuni yake ungeisikia wapi?

Na mwaka huu ukungu umekwisha mapema. Tangu barua yangu ile umepanda kidogo, ukaacha. Sasa bonde liko wazi kama uso wa mtu aliyenyolewa. Naona mto, naona mpaka ng'ambo kwa Wareno, moshi wa mashamba yao. Kalenda imesimama. Hatuko mwezi wa Mlango na hatutakuwa tarehe hiyo ya Padri. Haki ya Mungu, hata mimi ningetaka nisingeweza kuusukuma ukungu.

Kwa hiyo harusi isubiri. Mlikubali sharti. Neno ni neno. Nikianza leo kuhesabu siku ambazo hazikuwapo, kesho Fakihi atanipimia chumvi ambayo haikuwapo.

Babu


Chiwata,
24 Septemba 1954

Babu,

Shikamoo. Natumaini mko wazima. Nakuandikia nikiwa na hasira na sitaki kuificha, kama wewe usivyoficha herufi.

Kuhusu kanuni, nakuamini. Nilikaa nikakumbuka zile asubuhi za wazi na ni kweli sikuja kwako. Hapo umenishinda.

Lakini naomba unijibu. Mjomba amekubali, Padri amekubali, wewe unasubiri ukungu. Ni kalenda inayokataa, au ni wewe? Kama humtaki Arthur, sema humtaki, hata kumwona hujamwona. Kama ni Tunduru, sema ni Tunduru. Mimi mwenyewe safari ile inanitisha. Sijamwambia mtu. Nilifikiri nitakuambia wewe pale mlangoni, kabla hawajaingia.

Sikuomba Watu wa Chini waje harusini. Nimekuomba wewe.

Siwezi kusogeza siku. Tangazo la kwanza limesomwa Jumapili na hakuna aliyeinuka kupinga. Ni Jumamosi tarehe kumi na sita, saa nne asubuhi tunatoka nyumbani kwenda kanisani. Mlango wa nyumba ni ule wa upande wa mkorosho. Mjomba ameniuliza nani atasimama pale kama huji, akamtaja babu mdogo Danieli. Nimemwambia hapana. Ukiwa hupo, pale patakaa wazi hivyo hivyo na Arthur atapita bila kuulizwa kitu. Sitamweka mtu mwingine.

Theodora


Chiwata,
10 Oktoba 1954

Kwa Babu na Bibi,

Shikamooni. Sisi wazima. Jibu sijapata.

Sadallah anapandisha lori Newala Jumatano na kushuka Ijumaa asubuhi. Nimemwomba aache nafasi mbili mbele, pale kwa dereva, kwa sababu ya goti la Bibi. Moja ikikaa tupu, ikae tupu.

Mjukuu wenu,
Theodora


Newala.
Bado si siku.

Kwa mke wangu Theodora, huko Tunduru kwa Arthur,

Marahaba nyingi, maana najua umeshaniamkia kabla hujafungua. Sisi tumerudi salama. Goti la Bibi yako linauma kwa sababu ya kucheza, si kwa sababu ya lori, na nimemwambia sasa nimestaafu kweli. Natumaini na nyinyi mmefika salama, nyumba mmepata, na haivuji.

Nakuandikia mambo ya harusi yako kwa sababu wewe hukuyaona. Ulikuwa ndani na shela usoni. Mtu anayejua kuona alikuwa nje, naye ni mimi.

Kwanza ujue jinsi nilivyofika, maana nasikia watu wanasema Basil alivunja neno lake. Sikuvunja. Ijumaa alfajiri nilikuwa kwenye kigoda changu ukingoni. Bonde liko wazi, hakuna hata uzi wa ukungu. Bibi yako akaja nyuma yangu, amevaa kanga zake mpya, kitambaa kichwani.

Akauliza, "Leo ni siku?"

Nikasema, "Si siku."

"Na kesho?"

"Kwa joto hili? Haitakuwa siku."

"Kwa hiyo leo na kesho hakuna mtu anayekuhesabu."

"Hakuna."

"Hupo popote."

"Sipo popote."

"Basi wewe ambaye hupo popote, hebu panda lori, Sadallah anapiga honi."

Nilifikiri sana, Theodora. Nilitafuta kosa katika maneno yale mpaka honi ya pili. Mimi ndiye niliyeitunga nchi ile na milango yake yote, lakini tundu lile sikuliona, aliliona Bibi yako, na alisubiri mpaka asubuhi ile kulisema. Ningeweza kuliona mwenyewe kama asingewahi. Nikavaa kanzu.

Sadallah anaendesha vibaya. Nilimwonyesha njia mpaka Masasi, akanishukuru kwa kunyamaza.

Sasa mlangoni. Ulisikia sauti tu, sasa nakupa sura. Arthur alikuja na tai shingoni na suruali nyeupe, wenzake nyuma yake wanaimba. Kweli ni mrefu. Nikaweka fimbo katikati ya mlango.

Nikamwambia, "Unaumwa nini, hata umejifunga shingo asubuhi yote hii?"

Akasema, "Shikamoo Babu. Naumwa mke wako."

Hapo wanawake walipiga vigelegele, hilo ulisikia. Mimi sikucheka. Nilicheka ndani.

Nikasema, "Wewe si dresa? Dawa yake huijui?"

"Naijua, Babu. Dawa ni wewe usogee kidogo."

"Sisogei. Nimekaa na mtoto huyu ukingoni tangu hajui kujifunga kanga, wewe unakuja jana unataka nisogee. Utanifanya nini?"

Nilitegemea atoe kitu mfukoni kama wanavyofanya siku hizi, wakutupie noti wakupite. Nilikuwa nimeshatayarisha maneno ya kumpiga nayo. Hakutoa kitu. Aliketi chini. Na suruali ile nyeupe, Theodora, aliketi vumbini miguuni kwangu, akakunja magoti marefu yale kama panzi, akasema, "Basi na mimi nakaa hapa na wewe, Babu, mpaka utakapochoka." Wenzake wakamwambia inuka, Padri anasubiri. Akasema Padri naye ana kiti kule.

Tulikaa. Yeye chini, mimi wima. Ndipo uliponiita kutoka ndani, sauti ndogo, ukaniambia lile jambo la Tunduru na hofu yako. Na mimi nilikujibu pale pale mlangoni, na niliyokujibu sitayaandika hapa kwa sababu Bibi yako anasoma juu ya bega langu. Yeye hajui kusoma lakini anajaribu.

Nilipokwisha kukujibu nilimtazama yule kijana. Alikuwa ameinamisha kichwa, amejifanya hasikii. Mtu mwingine angetega sikio. Hapo ndipo nilipoinua fimbo. Usimwambie kwamba ilikuwa kwa sababu hiyo. Mwambie nilichoka miguu.

Kanisani niliimba kuliko wote, hilo hata Tunduru walilisikia. Pombe ya Anastasia ilikuwa nyepesi lakini nilimsifu. Danieli alicheza vibaya. Alhamisi Fakihi aliniuliza dukani, "Nang'olo, harusi ilikuwaje?" Nikamwambia, harusi gani, bado tuko Mbegu. Akacheka mpaka akaegemea gunia. Kisha akaniuliza taratibu kama ulilia. Nikamwambia hukulia. Nani alilia, sikumwambia.

Ukungu haujapanda mpaka leo. Ukipanda nitaendelea pale pale nilipoachia, mwezi wa Mbegu, kama ilivyo haki. Kwa hiyo harusi yako haimo katika mwezi wowote, na Bibi yako anaona nimekudhulumu. Mimi naona nimekupendelea. Siku yenye jina nimeiona tabia yake, ukishaiita tu, inaondoka. Jumamosi ile haikuitwa jina, haina pa kwenda. Kila alfajiri nikitoka nikakuta bonde liko wazi, ni ile ile bado. Wewe uko ndani unaniita, yule kijana yuko chini vumbini, na mimi nimesimama mlangoni na fimbo, sijasogea.

Mume wako wa kwanza, na Arthur mwambie hivyo hivyo,
Babu